Barua ya Warsaw: Mji Mkongwe Uliojengwa Juzi

Warsaw, Oktoba

Mpendwa Rukia,

Baada ya salamu, ninataraji kwamba barua hii itakukuta wewe na wote wa nyumbani mkiwa wazima wa afya. Mimi sijambo, ingawa baridi ya huku imenithibitishia kwamba mzaliwa wa pwani hakuumbwa kwa ajili ya mwezi wa Oktoba wa Poland. Barua yako niliisoma na kuirudia, hasa pale ulipouliza, tena kwa ukali ninaoufahamu, kama Beit al-Ajaib, lile jengo letu la kifalme la Zanzibar lililoporomoka, itakaposimama tena hapo Forodhani itakuwa Beit al-Ajaib kweli au sanamu yake tu, na kama kazi yako ya kupima milango, boriti na kuta za Mji Mkongwe, chumba kwa chumba, ina faida yoyote ikiwa nyumba zenyewe zinaanguka kabla wino haujakauka. Sikutaka kukujibu kwa maneno ya kukuliwaza. Nimeona afadhali nikusimulie matembezi niliyoyafanya katika mji mkongwe wa hapa, kwa kuwa watu wa Warsaw walilazimika kulijibu swali lako kwa matofali.

Matembezi huanzia kwenye uwanja ulio mbele ya Kasri la Kifalme. Waongozaji husimama hapo asubuhi wakiwa wameshika miavuli ya rangi kali, na mgeni hujiunga na kundi la lugha anayoielewa. Hakuna kiingilio, mwishoni kila mtu hutoa bakshishi kwa kadiri alivyoridhika, utaratibu ambao kwa maoni yangu humfanya mwongozaji ayachunge maneno yake kuliko tiketi yoyote. Wetu alikuwa mama wa makamo, mchache wa mizaha, aliyezungumza Kiingereza cha taratibu na ambaye hakupenda kabisa kupigwa picha. Nilimpenda tangu mwanzo.

Katikati ya uwanja ipo nguzo ndefu yenye sanamu ya Mfalme Zygmunt III, aliyeyahamishia makao ya ufalme Warsaw kutoka Kraków. Mwanawe, Władysław IV, ndiye aliyeisimamisha mwaka 1644 kwa heshima ya baba yake. Wageni wote waliinua shingo kuitazama sanamu, lakini mama yule alituvuta pembeni, kwenye majani kando ya ukuta wa kasri, ambako vimelazwa vipande vya nguzo mbili zilizotangulia. Ya kwanza ilichakaa ikabadilishwa katika karne ya 19, na ya pili iliangushwa na Wajerumani mwezi Septemba 1944. Inayosimama leo ni ya tatu, ya mwaka 1949. Mfalme aliye juu ni yule yule wa zamani. Kilichobadilika ni kile kinachombeba. Hapo hapo nikakukumbuka.

Habari za mwaka 1944 unazifahamu kwa jumla, kwa hiyo nitazipitia kwa haraka. Mnamo Agosti 1 wapiganaji wa siri wa Poland waliinuka dhidi ya jeshi la Ujerumani lililoikalia nchi yao, wakapigana kwa siku 63, na raia waliouawa katika mapigano na mauaji yale wanakadiriwa kuwa kati ya 150,000 na 200,000. Mji mkongwe ulianguka mwanzoni mwa Septemba, na maelfu ya wapiganaji waliokuwa wamezingirwa humo walitoroka kwa kupitia mitaro ya majitaka iliyo chini ya barabara. Jambo lililonikaa moyoni zaidi ni lile lililofuata. Baada ya wapiganaji kusalimu amri, vikosi maalumu vya Kijerumani viliendelea kuchoma na kulipua majengo moja baada ya jingine, bila ya kuwapo vita yoyote, kwa kuwa amri ilikuwa mji ufutwe. Zaidi ya asilimia 85 ya sehemu ya kihistoria iliharibiwa. Kasri lenyewe lilikwisha kuunguzwa na mabomu Septemba 17, 1939, kuta zake zikatobolewa matundu ya kutilia baruti, na mwaka 1944 lililipuliwa kabisa. Lilianza kujengwa upya mwaka 1971, kwa michango ya wananchi, na saa ya mnara wake, iliyokuwa imesimama saa tano na robo asubuhi siku ya moto ule, ilianza kutembea tena mwaka 1974 kuanzia saa tano na robo. Watu wa kundi letu walishangilia waliposikia hivyo. Mimi, nikiri, niliona jambo hilo la saa lina mapambo kidogo.

Kutoka uwanjani tuliingia katika njia nyembamba iliyotandikwa mawe, hadi mbele ya kanisa kuu la Mtakatifu Yohana. Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu hapa ndipo pana jibu ambalo hutalipenda. Kanisa unaloliona ni la matofali mekundu, lenye paji la juu lililochongoka, na kila mgeni hudhani kwamba limesimama hivyo tangu zama za kati. Sivyo. Kabla ya vita lilikuwa na uso wa aina nyingine kabisa, uliojengwa miaka ya 1836 hadi 1842 kwa mtindo wa makanisa ya Kiingereza, na huo ndio uliojulikana na watu wa Warsaw kwa karibu miaka 100. Wakati wa kujenga upya, msanifu Jan Zachwatowicz hakuurudisha. Alichora uso ambao, kwa kukisia, ungelifaa kanisa la karne ya 14 la nchi ile. Kwa hiyo kilichojengwa ni kanisa ambalo huenda halikuwahi kuwapo. Mama yule alilieleza jambo hilo bila ya kulitetea wala kulilaumu, akatuonyesha kwenye ukuta wa nje kipande cha mnyororo wa gari la Kijerumani la kubebea milipuko, kilichopachikwa hapo kama ukumbusho, kisha akaendelea na safari.

Nilimfuata nikiwa na hasira kidogo kwa niaba yako, na hasira hiyo ilidumu mpaka tulipofika Rynek, yaani uwanja wa soko wa zamani, wenye sanamu ya nguva katikati. Nyumba ndefu nyembamba zimeuzunguka pande zote nne, kila moja na rangi yake, nyingine zikiwa na michoro iliyokwanguliwa ndani ya lipu. Michoro mingi ya aina hiyo ni kazi ya wasanii wa miaka ya 1950, waliopewa ruhusa ya kupamba kwa namna ya wakati wao. Nyuma ya kuta hizo za mbele mambo ni tofauti: nyua za ndani, ambazo zamani zilibanwa na vibanda na majengo ya nyongeza, ziliachwa wazi na kupandwa miti, na vyumba viligawanywa upya viwe makazi ya kisasa yenye mabomba na joto la kati. Sehemu hii ilifunguliwa rasmi Julai 22, 1953. Kwa hiyo mji huu mkongwe, Rukia, una umri mdogo kuliko wazee wengi wa mtaani kwako, na bado UNESCO iliuingiza katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 1980, miaka 20 kabla ya Mji Mkongwe wetu.

Sasa nisikilize vizuri, kwa maana hili ndilo lililonifanya nishike kalamu. Nilimuuliza mama yule waliwezaje kujua dirisha lilikuwa wapi na ngazi ilikuwa na upana gani. Alinijibu kwamba walijua kwa sababu ya watu kama wewe. Kabla ya vita, wanafunzi wa usanifu majengo wa chuo cha ufundi cha Warsaw walipelekwa mitaani kupima nyumba za zamani kama zoezi la darasani, na michoro yao ilikusanywa katika idara iliyoanzishwa na Oskar Sosnowski. Sosnowski mwenyewe alijeruhiwa kwa kombora mwezi Septemba 1939, alipokuwa akijaribu kuilinda hazina hiyo, naye akafariki. Chini ya utawala wa Wajerumani, Zachwatowicz na wenzake waliendelea kukusanya na kupima kwa siri, na baada ya uasi wa 1944 michoro ilitolewa katika mji uliokuwa ukiteketezwa, ikafichwa katika nyumba ya watawa huko Piotrków. Ilipofunguliwa tena Warsaw ilikuwa kifusi. Ofisi ya kuujenga upya mji mkuu ilianzishwa Februari 1945, wiki chache tu baada ya Wajerumani kuondoka, na wakati wengine walikuwa wakishauri kwamba mji mkuu uhamishiwe Łódź na magofu yaachwe yalivyo, wasanifu hawa walikuwa na karatasi za kuweka mezani. Nina hakika wengi wa wanafunzi wale walilalamika kama ulivyolalamika wewe, kwamba wanapotezewa muda kwa kuhesabu vidato vya ngazi.

Usije ukadhani kwamba karatasi zote zilikuwa za kuaminika sawasawa. Wageni wengi hupenda ile hadithi ya Bernardo Bellotto, mchoraji wa Kiitaliano aliyefanya kazi katika baraza la mfalme wa mwisho wa Poland kuanzia mwaka 1768 na aliyejulikana huku kwa jina la mjomba wake, Canaletto. Husemwa kwamba Warsaw ilijengwa kwa kutazama picha zake. Ni kweli zilisaidia, hasa katika barabara kuu inayotoka kasrini kuelekea kusini, lakini mchoraji yule hakuwa mpimaji, na mara nyingine aliyarembesha majengo kwa kuongeza mapambo ambayo mwenye nyumba hakuwahi kuyalipia. Baadhi ya marembo hayo leo yako ukutani, ya mawe na lipu.

Baada ya hapo matembezi yalikwenda kasi. Tuliizunguka kengele kubwa ya karne ya 17, ambayo watu huizunguka ili dua zao zikubaliwe. Tukasimama juu ya kilima kinachotazama mto Vistula, mahali pazuri mno ambapo zamani palikuwa jaa la mji. Tukafikia Barbakan, boma la duara la mwaka 1548 lililojengwa tena miaka ya 1950. Matofali yake yalitoka katika majengo yaliyobomolewa Nysa na Wrocław, miji iliyokuwa ya Ujerumani kabla ya mipaka kubadilishwa. Kaulimbiu ya siku zile ilisema kwamba taifa zima linaujenga mji mkuu wake, lakini miji hiyo ya magharibi ilitoa matofali mengi, wakati mwingine kutoka katika nyumba ambazo zingeliweza kukarabatiwa. Uzee wa Warsaw uliwagharimu wengine uzee wao.

Tulipomaliza nilitoa bakshishi yangu, nikatembea peke yangu hadi Muranów, mwendo mfupi kwa miguu. Mwongozaji alikuwa ametuelekeza tu kwa mkono. Kabla ya vita Wayahudi walikuwa karibu theluthi moja ya wakazi wa Warsaw, na hapo ndipo wengi wao waliishi kabla Wajerumani hawajapageuza kuwa ghetto, yaani mtaa wa kuwafungia Wayahudi, na, baada ya uasi wa mwaka 1943, kupasawazisha na ardhi. Mtaa huo haukurudishwa. Juu ya kifusi zilijengwa nyumba za ghorofa za kisasa, nyingine zikiwa juu ya vilima vidogo ambavyo ni kifusi chenyewe, kwa matofali ya zege yaliyochanganywa na vumbi la nyumba za zamani. Waliochagua kipi kirudi walichagua pia kipi kisirudi, na kati ya sehemu hizi mbili sijui hata kama kuna mwendo wa nusu saa.

Kuhusu Beit al-Ajaib, basi, maoni yangu ni haya. Mnara ulioanguka Desemba 25, 2020, haukuwa wa Sultan Barghash. Nyumba aliijenga mwaka 1883, lakini mnara wa saa uliwekwa mbele yake mwaka 1897, baada ya mizinga ya Waingereza kuyapiga makasri ya hapo mwaka uliotangulia. Sisi sote tumekulia chini ya matengenezo tukiyaita asili, na hatukudanganyika. Kwa hiyo mimi siogopi neno kujenga upya. Ninachokiogopa ni lile kanisa la matofali mekundu, yaani mtu mwenye cheo na ladha nzuri kuamua kutupatia jengo zuri kuliko lile tulilokuwa nalo, kwa kuwa hakuna mchoro wa kumkatalia. Michoro yako ndiyo itakayomkatalia.

Nimenunua kitabu cha michoro ya nyumba za Rynek, maandishi yake ni ya Kipoland lakini vipimo vinasomeka. Nitakuletea nikija mwezi wa Januari, inshallah. Wewe nawe nitumie nakala ya ile nyumba ya Shangani uliyoipima mwaka jana, hasa sehemu ya kati ya kuta, na uniambie katika kikao chenu mliafikiana nini juu ya chokaa, au bado wakandarasi wanang'ang'ania saruji. Nisalimie mama, na umwambie kwamba mtandio wake ninauvaa kila siku.

Wako akupendaye,
Mwanaisha