Usinunue klavye mpya kabla hatujaiona mashini

Wiki iliyopita papa mmoja aliteremka kutoka Kadutu, laptopu kwapani, na klavye mpya mkononi ikiwa bado ndani ya nailoni yake. "Fundi, nibadilishie hii. Vitufe vya juu vimekufa, mwangaza haupungui, sauti haipandi." Tukamwomba aandike jina lake. Herufi zote zikatoka, hata moja haikukosa. Klavye yake ya zamani ilikuwa nzima kabisa.

Mashini nyingi za okazioni (zilizokwisha tumika) zinazofika Bukavu zimefutwa na kuwekewa Windows upya, mara nyingi haraka haraka, bila draiva za kiwanda chake, yaani viprogramu vinavyoifundisha Windows kutumia kila kifaa. Herufi hazihitaji draiva ya pekee. Lakini mwangaza unategemea draiva ya skrini, na katika mashini nyingi vitufe hivyo vina kiprogramu chao pia. Kisipokuwepo, unabonyeza F5 mpaka kidole kinauma.

Anza na jambo dogo: bonyeza Fn pamoja na Esc. Kwenye Lenovo na Dell nyingi hiyo ndiyo kufuli ya Fn, inayogeuza kazi ya vitufe vya juu, na pengine mtoto aliigusa tu. Kwenye HP nyingi unaibadilisha ndani ya BIOS (programu ya ndani inayoamsha mashini kabla ya Windows), kwa F10 mashini inapowaka.

Bado? Bonyeza kitufe cha Windows na X, fungua "Gestionnaire de périphériques", tafuta kifaa chenye pembetatu ya njano, alama ya tatizo. Ukiingia kwenye "Détails" za kifaa hicho utaona namba yake, inayotaja kiwanda kilichokitengeneza. VEN_8086 ni Intel (wamejipa namba ya chipu yao ya 1978, majivuno hayo!), VEN_10EC ni Realtek. Kwa namba hiyo hatubahatishi.

Draiva tunaichukua kwenye tovuti ya kiwanda, kwa namba iliyo chini ya mashini. Zile programu zinazojidai kusasisha kila kitu kwa mbofyo mmoja, sisi tunazitoa kila siku. Zinaacha matangazo mengi kuliko draiva. Na kama wifi yenyewe ndiyo haionekani, unganisha simu ya Android kwa waya wa USB, washa kushiriki intaneti, mashini itapata mega za simu.

BIOS usiisasishe nyumbani ikiwa betri imechoka. Umeme ukikatika katikati, hiyo ni kazi nyingine, na bei nyingine.

Kama ulimwagia chai, sema ukweli tangu mlangoni: hapo klavye tutaibadilisha kweli. Vinginevyo lete mashini na chaja yake, kuitazama ni bure.