Barua kwa Baba kuhusu Neema na binti wa Stratford

Stratford, London
Jumapili jioni

Baba mpendwa,

Shikamoo. Sisi huku hatujambo. Kifua cha mtoto kimepona, mwambie Mama asiwe na wasiwasi tena. Poleni na kazi za shamba.

Kaka alinipigia simu akanieleza ulivyomtoa Neema kwenye mazoezi yako ya alfajiri kwa sababu amekosa kuja mara tatu, na kwamba umeapa hatarudi. Baba, sipingi adhabu. Mara tatu ni nyingi. Ila naomba nikusimulie habari za mkimbiaji mmoja wa mtaa huu ninaoishi, kisha uamue mwenyewe.

Anaitwa Christine Ohuruogu. Wazazi wake ni Wanigeria, yeye alizaliwa 1984 hapa Newham, na kwao hakufiki maili moja kutoka uwanja wa Olimpiki ninaoupita kila siku nikienda kazini. Alianza na netiboli, akafika hadi timu ya vijana ya England, ndipo akahamia mita 400 huku akisomea isimu chuo kikuu. Machi 2006 alitwaa dhahabu ya Jumuiya ya Madola kule Melbourne.

Sasa sikiliza. Wanariadha wa ngazi yake hutakiwa kuandika mapema watakuwa wapi, ili wapimaji wa dawa za kuongeza nguvu wawatokee bila taarifa. Usipokutwa ulipoandika, unahesabiwa kosa. Christine hakukutwa mara tatu kati ya Oktoba 2005 na Julai 2006. Akafungiwa mwaka mzima. Waliosikiliza shauri lake hawakuona dalili kwamba alikuwa akificha dawa, lakini walimfungia vilevile, na mimi naona walitenda haki. Wewe ndiye uliyetufundisha kwamba jina likiitwa na mtu hayupo, basi hayupo.

Kilichoniuma ni kingine. Kamati ya Olimpiki ya Uingereza wakati huo ilikuwa na kanuni ya kumzuia mtu wa kosa kama hilo asiende Olimpiki maisha yake yote. Yaani amalize adhabu, halafu aingie kwenye adhabu isiyo na mwisho! Alikata rufaa, akashinda Novemba 2007.

Hata kabla ya rufaa hiyo, kifungo chake kiliisha mwanzoni mwa Agosti 2007, na mwezi huohuo haujaisha akawa bingwa wa dunia kule Osaka, kwa sekunde 49.61.

Mwaka uliofuata ikawa Olimpiki ya Beijing, na hapa ndipo natamani tungekuwa tumekaa pamoja barazani nikuonyeshe ile mbio. Sanya Richards wa Marekani alitoka kwa kasi kubwa, na wakiingia mita 100 za mwisho alikuwa mbele huku Christine yuko nyuma kabisa ya pale mtu angemtegemea mshindi. Hakubabaika. Richards miguu ikaanza kuwa mizito, mwenzake mwendo ni uleule, akawapita mmoja baada ya mwingine. 49.62. Nilisikia sauti yako masikioni: mbio hii inaanza baada ya mita 300. Hakuna mwanamke wa Uingereza aliyewahi kuipata dhahabu hiyo kabla yake.

Olimpiki ya London 2012 alipata medali ya fedha, karibu na mlango wa kwao. Mashindano ya dunia ya Moscow 2013 akakutana na Amantle Montsho wa Botswana, bingwa mtetezi, aliyeongoza mpaka hatua za mwisho. Christine akatanguliza kifua kwenye mstari. Wote wawili saa ilisoma 49.41, ikabidi wahesabu sehemu za elfu za sekunde, na zilizowatenganisha ni 4 tu. Hapo pia alivunja rekodi ya taifa ya Kathy Cook, 49.43, iliyokuwa imekaa tangu 1984, mwaka aliozaliwa yeye! Rio 2016 alipata shaba ya kupokezana vijiti, na mwaka 2018 akastaafu.

Baba, mbio zote hizo, tangu Osaka, alizikimbia baada ya kosa lake.

Nimezungumza na Neema. Amekiri kwamba siku mbili alilala tu, na ya tatu aliogopa kuja kwa sababu ya zile mbili. Hakutafuta kisingizio. Naomba umwekee muda, uwe mrefu unavyotaka, lakini umtajie tarehe ili ajue anasubiri nini.

Kuna mgeni anakuja Arusha mwezi ujao, nitampa viatu vya misumari namba 38. Sijamwambia Neema. Vikae kwako sandukuni, utampa siku utakayomwita.

Msalimie Mama, na Kaka na wote wa nyumbani.

Ni mimi mwanao,
Paulina