Risala ya kina mama wahudumu wa afya ngazi ya jamii kwa mgeni rasmi, Pangani, Tanga

Mheshimiwa mgeni rasmi, asalaam aleikum, Bwana asifiwe, na pole na safari, barabara umeionja mwenyewe hatuna haja ya kuielezea.

Kikundi tulianza kwa upatu, leo Alhamdulillah tuna mafanikio makubwa mno, tuna viti vya plastiki, fulana hizi unazoziona na daftari la wajawazito ambalo hata watafiti wakija wanaliulizia. Na watafiti tumewapokea wengi. Wanakuja na tableti zao, sisi tunawapitisha nyumba kwa nyumba, mama akifariki ndugu wanakalishwa mkekani wanaulizwa alitoka damu kiasi gani, kifafa cha mimba kilimshika, mlikaa saa ngapi kabla ya kupata usafiri. Wakifika hapo kwenye usafiri ndo wengi wanajifunika kanga uso.

Mheshimiwa, tunaipongeza serikali, utafiti wa taifa wa 2022 umeonyesha vifo vya wazazi vimeshuka toka 556 kwa kila vizazi hai 100,000 mwaka 2015/16 mpaka 104, si jambo dogo. Ila hata hao 104 ni watoto wa watu, na vichanga bado tunazika 24 katika kila 1,000 wanaozaliwa hai. Namba 115 ya m-mama, ya kuita usafiri wa dharura kwa wajawazito na vichanga, tunaijua na tunaipiga, lakini masika njia ikikatika gari linasimama ng'ambo ya maji, na damu ya uzazi haingoji kukuche.

Ndo maana ombi letu ni moja tu, nyumba ya wajawazito kusubiria hapo jirani na kituo cha afya, wiki zikikaribia mama anahamia na mkeka wake. Tofali tumefyatua wenyewe, boma limefika kwenye lenta, limebaki paa. Mgeni rasmi aliyekutangulia alituahidi bati hapahapa, kwenye kipaza sauti hikihiki, tukampigia vigelegele na kitenge tukamvisha, baadae tukawa tunampigia simu mpaka namba ikawa haipatikani. Hatumsemi vibaya, wakubwa wana majukumu. Ila ndani ya boma umeota mpapai na tayari unazaa.

Kwahiyo kwa heshima na taadhima, makadirio ya fundi yameambatanishwa nyuma ya risala hii, bati, mbao za kenchi na misumari, tunaomba utaje tarehe kabla pilau halijapakuliwa, katibu wetu ameshashika kalamu.

Naomba kuwasilisha.