Barua kwa mwanangu Salma

Mwanangu Salma,

Ujumbe wako nimeupata. Wamekupa tena nafasi ya binti wa kuonewa katika filamu, na unauliza ukubali au ukatae. Mimi si mtu wa sinema, lakini nimemtazama sana mwigizaji Faten Hamama wa Misri, na nadhani yeye ana jibu lako.

Alizaliwa Mansoura mwaka 1931. Filamu ya kwanza, Yawm Said, ilitoka mwaka 1940 akiwa hajafika hata miaka 10. Alipokua kidogo, mikono ya watayarishaji ikamshika pale pale ulipo wewe: binti maskini, mpole, machozi tele. Alizicheza nafasi hizo vizuri, wala simlaumu.

Lakini hakuganda hapo. Mwaka 1959, katika filamu ya Doa al-Karawan ya mwongozaji Henry Barakat, anacheza Amna, ambaye dada yake ameuawa na mjomba wao kwa ajili ya heshima ya ukoo. Amna anaingia utumishi katika nyumba ya yule mhandisi aliyemharibu dada, kisasi kimemjaa moyoni. Mtazame macho, Salma. Maneno ni machache mno.

Kisha El Haram, 1965, iliyoshindanishwa katika tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Hapo ni Aziza, kibarua wa mashambani. Mumewe mgonjwa ana hamu ya viazi vitamu. Anakwenda kuvichimba, na huko huko anabakwa. Mimba anaificha huku jembe liko mkononi. Nyota mkubwa wa wakati ule, amevaa nguo chakavu na vumbi usoni! Kwangu hiyo ndiyo kazi yake bora, kuliko hata zile alizocheza na Omar Sharif, mumewe.

Mwaka 1966 aliondoka Misri kwa kusumbuliwa na watu wa usalama, akarudi 1971. Akaja na Oridu Hallan, 1975: mwanamke anayezungushwa mahakamani miaka na miaka akidai talaka, na hapewi. Watu waliijadili mno filamu ile. Mwaka 1979 sheria ya ndoa ikarekebishwa, na mwaka 2000 wanawake wa Misri wakaruhusiwa kudai khului mahakamani, yaani talaka anayoiomba mke mwenyewe kwa kurudisha mahari.

Basi nafasi hiyo ikubali, mwanangu, ila muulize mwandishi huyo binti anataka nini baada ya kulia. Akikosa jibu, mwachie nafasi yake. El Haram itazame kwanza, kisha nipigie.

Mama yako akupendaye