Usimtoe Kijana Saluni

Milwaukee, Wisconsin
Jumapili usiku

Mama Nuru, shoga yangu,

Sauti uliyonitumia juzi nimeisikiliza mara tatu. Mara ya kwanza nilikuwa kwenye basi natoka kazini, nikashuka kituo cha mbele bila kujua. Nilitaka nikujibu kwa sauti na mimi, nikaona nitalia. Bora niandike, maana na wewe ukishika simu hunipi nafasi ya kumaliza.

Nimelielewa tukio hivi. Mko chumbani, nusu ya uso wa bibi harusi imeshakamilika, shangazi mtu anaingia, anamkuta kijana wako wa saluni ameshika brashi. Mbele ya matroni na ndugu wote anauliza, "Hiki nacho ni nini?" Hiki. Hakusema "huyu". Nimekuwa nikilirudia neno hilo kutwa nzima nikiwa kaunta. Kijana akaosha brashi zake, akazipanga kwenye mkoba, akaenda kukaa nje juu ya ndoo mpaka ulipomaliza peke yako. Sasa unaniambia watu wameanza kusema, kodi ya fremu inakaribia, na unataka kumwambia akae pembeni kidogo mpaka maneno yapoe.

Mwaya, usifanye hivyo. Ngoja nikusimulie habari ya mtu mmoja wa huku huku ninakoishi, halafu ndiyo uamue.

Anaitwa Brian Firkus. Alizaliwa hapa Milwaukee mwaka 1989, akakulia Crivitz, mji mdogo huko kaskazini mwa jimbo, msitu na baridi tupu, kwenye nyumba isiyo na kitu. Kwa upande wa mama ana damu ya Waojibwe, wenyeji wa asili wa nchi hii. Babu yake alikuwa mpiga gitaa, akamfundisha kupiga. Baba yake wa kambo yeye alimfundisha jina: kila mtoto alipoonyesha ulaini kidogo, alipolia au alipotembea vibaya machoni pake, alimwita "Trixie". Lilikuwa tusi. Ndiyo "hiki" yake.

Alipokua, akaingia Chuo Kikuu cha Wisconsin hapa Milwaukee kusomea uimbaji na uigizaji wa jukwaani, na huko huko mjini akaanza dragi. Dragi unaijua kwa video ulizowahi kunitumia: mwanamume anajipamba anakuwa mwanamke aliyemzidi mwanamke, anapanda jukwaani kuimba, kucheza na kuchekesha. Akahitaji jina la jukwaani. Akalichukua lile lile alilotukanwa nalo, akaliongezea Mattel, jina la kampuni inayotengeneza wanasesere wa Barbie, maana wanasesere ndio aliowapenda tangu utotoni. Trixie Mattel. Leo mtu akilitamka jina hilo, ukumbi unasimama.

(Huku watu husita wamwite kwa neno lipi akiwa na wigi na lipi akiwa amelivua. Sisi lugha yetu imetupumzisha: yeye ni yeye.)

Kabla ya kujulikana alifanya kazi kwenye kaunta za vipodozi, kama mimi. Hapo ndipo moyo wangu uliposhikwa na habari zake, kwa sababu kaunta naijua, huu ni mwaka wangu wa nne. Watu wanadhani tunauza rangi tu. Kutwa unashika nyuso za watu usiowajua. Unajua ngozi ipi itayeyusha faundesheni kabla ya saa sita na ipi itaikamata mpaka usiku. Unamjua mama anayetaka kuficha alama na hasemi ni ya nini. Unajifunza nini kimo ndani ya kopo, kwa nini poda hii ikipigwa na mwanga wa kamera inamtoa mtu mweupe kama aliyemwagiwa unga. Unamkumbuka yule bibi harusi wa Sinza na picha zake? Tulilaumiana wiki nzima mimi na wewe, kumbe kosa lilikuwa la poda. Hakuna aliyetufundisha. Kaunta ndiyo iliyonifundisha, na nina hakika ndiyo iliyomfundisha na yeye, maana uso aliokuja kuubuni hauwezi kuubuni kama hujui kila kopo linafanya nini.

Uutazame vizuri huo uso. Taa za jukwaa zinakula sura, na aliyekaa mwisho wa ukumbi haoni kitu kama huchori kwa kuzidisha. Wengi wanazidisha kwa kutaka kufanana na mwanamke mrembo. Trixie anazidisha kwa kutaka kufanana na mwanasesere. Chini ya jicho anapaka weupe mpana, halafu kope za chini anazibandika chini ya pale zinapoota, karibu na shavu. Kwa mbali ule weupe wa katikati unauona ni jicho lenyewe, kubwa, la plastiki. Mkunjo wa juu ya jicho anauchora mweusi, mnene, karibu na nyusi, na nyusi zenyewe ameshazihamisha. Waridi la mashavuni limekolea kama la mtoto aliyechorwa na mtoto mwenzake. Kuna waliomcheka kwamba amepaka ovyo. Mimi na wewe tukiutazama tunaona mkono ambao haukutetemeka mahali popote.

Nyusi zinahamishwaje? Nilikuwa sijui mpaka msimu wa baridi uliopita. Nina mteja mmoja hapa, hufanya dragi Jumamosi, ananunua poda makopo mawili mawili. Siku hiyo alikuja mkono umefungwa bandeji, ameteguka kiwiko, na usiku ana onyesho. Akaniuliza kama ningemsaidia. Nikaenda. Chumba cha kubadilishia ni kidogo kama stoo, kioo kina balbu tatu zinazowaka na mbili zimekufa. Akatoa gundi ya kijiti, ile ya watoto wa shule, ya zambarau, ambayo ikikauka rangi inapotea. Nikampaka juu ya nyusi, nikazichana kwenda juu, nikazilaza na ubapa wa kijiko. Tukangoja na feni ndogo mpaka zambarau ikaisha. Nikarudia. Nikarudia tena, mara tatu. Halafu poda, halafu rangi ya chungwa, ile ile tunayozibia weusi chini ya macho, maana nyusi zake ni nyeusi tii, halafu ndipo faundesheni. Nikapitisha kidole. Mama Nuru, paji la uso lilikuwa ukuta uliopigwa lipu. Nikamchorea nyusi mpya vidole viwili juu ya pale Mungu alipoziweka. Ilituchukua zaidi ya saa mbili, na muda wote huo hakusema neno, alikuwa anajitazama anavyokuja.

Nilimkumbuka kijana wako. Ulinitumia video yake akichora nyusi za yule mama aliyenyonyoka zote kwa dawa za saratani, unywele mmoja mmoja, kwa kuangalia picha ya zamani ya kitambulisho. Mimi mkono huo sina, na wewe pia huna, tuambiane ukweli.

Usiku ule niliona kitu kingine. Mteja wangu alipokuwa akiimba, watu walimfuata na noti za dola moja moja, wanampa mkononi, wanamwekea kifuani, wanarudi kwenye viti wakicheza. Nikasema jamani, huku ni kutunza! Ni taarabu tupu, imekosa leso tu. Ndiyo mishahara yao hiyo, wengi wao, hizo noti na ujira kidogo wa ukumbi, na wigi, magauni na kope wananunua wenyewe.

Trixie alitoka huko mwaka 2015, alipoingia kwenye mashindano ya dragi ya televisheni ya RuPaul, mwanadragi maarufu wa huku, msimu wa saba. Akatolewa kipindi cha nne. Wakamrudisha baadaye, akaishia nafasi ya sita. Mwaka 2018 akarudi kwenye mashindano ya waliowahi kushiriki, akashinda, dola 100,000. Katikati hapo alikuwa anatoa albamu za muziki wa kantri, anaimba na gitaa lake, wigi la njano kichwani, nyimbo za huzuni za kweli kabisa. Mwaka 2019 akafungua kampuni yake mwenyewe ya vipodozi, Trixie Cosmetics. Aliyekuwa anasimama nyuma ya kaunta kuuza makopo ya wengine, sasa kopo lina jina lake. Na jina lenyewe ndilo lile la baba wa kambo. Nilipolishika mara ya kwanza nililigeuza geuza kama mtu aliyeokota pete.

Akanunua na nyumba ya wageni Palm Springs, California, vyumba 7, akaipaka waridi juu mpaka chini, ikafunguliwa 2022. Si kila kitu kilimnyookea. Mwaka 2021 aliingia ubia kwenye baa moja ya katikati ya mji wetu huu, iliyokuwapo tangu 1968. Mwaka 2025 ikafungwa. Nilipita pale, mlango umefungwa, nikasimama kidogo ingawa sijawahi kuingia.

Lakini usije ukaelewa kwamba nataka kijana wako avae gauni. Hajasema anataka jukwaa, na hilo si langu wala lako. Ninachokuambia kinahusu mkono. Huku wapo waliopita njia nyingine. Raven alikuwa wa pili kwenye msimu wa pili wa mashindano yale yale, mwaka 2010, na baadaye akawa ndiye anayempaka RuPaul mwenyewe. Kazi yake kubwa ikawa ni kusimama nyuma ya kiti, kama kijana wako.

Na hivi tunavyofanya saluni kwako, unadhani vilitoka wapi? Ile ya kurundika poda chini ya macho, kuiacha ikae ndipo uifute, ambayo kila bibi harusi wa Dar anaitaka siku hizi, watu wa dragi waliifanya miaka na miaka kabla haijafika kwenye simu zetu. Kuchonga pua na mashavu kwa vivuli wamekuwa wakifanya tangu zamani, maana wao walikuwa na taya za kupunguza. Na kampuni ya MAC ya Kanada, ilipotoa mwaka 1994 lipstiki ambayo bei yake yote ilikwenda kwenye mapambano ya UKIMWI, sura ya kwanza waliyoweka kwenye tangazo ilikuwa ya RuPaul, mwanamume mweusi mrefu mwenye wigi la njano. Huyo shangazi, kama kuna lipstiki kwenye mkoba wake, aiulize imepita mikononi mwa nani.

Tena si kwamba kwetu hatumjui mwanamume aliyevaa gauni. Joti, yule mchekeshaji wetu, akijifunga kitenge akawa bibi kizee, nchi nzima inacheka, shangazi huyo huyo yupo mbele ya televisheni na machozi yanamtoka. Wa kutuchekesha tunamtaka. Anayefanya kazi kimya kimya, kwa adabu, macho kwenye nyusi za mteja, ndiye tunayemwita "hiki". Hilo linaniuma, shoga yangu, na sitaki ulizoee.

Sasa tuzungumze biashara, maana najua kodi haingoji. Kichen pati na sherehe za wanawake watupu, wenyewe wana haki yao, huko ingia wewe na wasichana. Lakini ya saluni na ya hotelini, siku unapopokea advansi mwambie mteja mapema: macho na nyusi anafanya huyu hapa, na umwonyeshe picha. Asiyetaka aseme siku hiyo, kabla hamjafika chumbani. Picha ukiweka Instagram, andika jina lake chini ya kazi yake. Na umpe asilimia yake, usimpe nauli. Mteja mmoja atakukimbia, pengine wawili. Yule mama wa nyusi hakukimbia, alikuletea dada zake watatu, ulinisimulia mwenyewe.

Kuna dada anasafiri kuja Dar mwisho wa mwezi, nimempa kifurushi. Kuna poda ya wasichana wako, kopo la rangi ya chungwa, gundi za zambarau mbili ili mjaribu, na kofia ya Nuru. Brashi nyembamba yenye mpini mweusi ni ya kijana. Nimeizungushia karatasi na nimeandika jina lake juu, kwa hiyo umpe ikiwa imefungwa hivyo hivyo.

Na kuna kitu hukunisimulia. Usiku ule mlirudije? Mlipanda bajaji moja, au alikuambia utangulie? Na asubuhi alikuja kufungua saluni, au funguo alimpa mtu? Nipigie Jumatano, niko nyumbani siku nzima. Akiwepo, naomba umpe simu niongee naye.

Msalimie Baba Nuru, na watoto nawabusu.

Mimi shoga yako