Jaxon ni mwana wa nani? Barua kwa shoga angu

Shoga angu Eliza,

Hongera tena mama, na pole na uchungu, na pole ya pili kwa hiyo vita ya jina mana voisi yako nimeisikiliza kwenye daladala nikawa nacheka peke yangu mpaka konda ananiangalia. Kwa hiyo mumeo kakomaa na Jaxon, mama mkwe kakomaa na Yohana la marehemu baba mkwe, na mtoto wa watu mpaka leo anaitwa bebi tu! Umeniuliza Jaxon maana yake nini na limetokea wapi, haya kaa vizuri nikumwagie mana haya mambo ya majina unajua nnavyoyapenda.

Kwanza hiyo x isikutishe. Jaxon ni Jackson yule yule, wametoa c na k na s wakabandika x moja, sauti imebaki ile ile, mtu akiliita kwa Kiingereza huwezi kujua mwenyewe analiandikaje. Na Jackson kwetu wala si mgeni, kila darasa tulilosoma alikuwepo mmoja, hata ile Tume ya Makweta ya 1982, ile ya mambo ya elimu tuliyokuwa tunaikariri chuo cha ualimu, mwenyekiti wake si alikuwa Jackson Makweta.

Sasa Jackson lenyewe lilianza kama jina la ukoo huko Uingereza zamani sana, hasa upande wa kaskazini, mtu alikuwa anatambulishwa kwa baba yake, ukiwa mtoto wa Will unaitwa Wilson, wa John unaitwa Johnson, wa Jack ndo Jackson. Hiyo "son" ni kama bin yetu ila wao wameipeleka mkiani. Alafu huyo Jack naye ni nani? Jack ni jina la kudekeza la John, walikuwa wanamuita John mdogo Jankin, Jackin, wakaja kukata wakabakiza Jack. Na John ukimfuata nyuma unakutana na Johannes wa Kilatini, nyuma yake Ioannes wa Kigiriki, na chini kabisa Kiebrania, Yohanan, yaani Mungu ametenda kwa neema. Kwa hiyo hata kina Neema wote wa mtaani kwenu wana undugu naye kwa mbali.

Umeshaona nnapokwenda? Yohana! Mumeo na mama yake wanagombania jina moja, mmoja kalishika kichwa mwingine kalishika mkia. Jaxon ukilifungua kama lilivyo ni mwana wa Yohana, na ukitaka tubanane kwenye hesabu, Jaxon halisi hapo nyumbani ni mumeo mwenyewe mana yeye ndo mtoto wa mzee Yohana, huyo mchanga ni mjukuu, hahaha mwambie hivyo uone sura yake.

Alafu kuna kitu cheti kitakachokifanya chenyewe bila kuuliza mtu. Kwetu mtoto anachukua jina lake, la baba, la babu, kwa hiyo hata mkiandika Jaxon bado atasomeka Jaxon Emanuel Yohana, mzee yupo palepale kwenye karatasi. Najua mama mkwe anachotaka ni wajina wa mumewe, wa kumuita asubuhi na jioni, hilo sikatai na usimdharau kwa hilo, lakini akielewa kwamba Yohana yumo mbele na yumo nyuma nadhani atalainika kidogo.

Na hiyo x wanayosema ni uhuni wa vijana wa siku hizi, wapi. Waingereza wana Dixon, mtoto wa Dick ambaye ni Richard, na Nixon, mtoto wa Nick ambaye ni Nicholas, hayo majina yana x yake karne na karne na hakuna anayeguna. Kenya kina Nixon wamejaa tele na hamna bibi aliyezimia. Marekani kuna mji Florida unaitwa Jacksonville, umepewa jina la rais wao wa saba Andrew Jackson, wenyeji wanaukatisha tu wanasema Jax, hata tiketi ya ndege inaandikwa JAX. Kipya hapa ni kulichukua jina la ukoo, kulifanya la kwanza, alafu kulivalisha x ili mtoto asifanane na wenzie.

Na hapo ndo panaponichekesha. Kule Marekani ofisi ya hifadhi ya jamii ina takwimu za majina ya watoto kuanzia 1880, na tokea huo mwaka mpaka 1923 namba moja kwa wavulana ni John, John, John, hakuna aliyemgusa. Ndo mana wajukuu na vitukuu wakachoka wakaanza kutafuta staili zao. Lakini ile ofisi inahesabu kila spelingi kivyake, kwa hiyo miaka ya 2010 Jackson alikuwa ndani ya mia bora, Jaxon naye ndani, Jaxson naye ndani, kila mzazi anajiona kabuni kitu cha peke yake kumbe mwalimu akiita jina moja darasani wanageuka watatu.

Hiyo hamu ya jina lisilo na mwenyewe nayo si ya leo. Soma Luka sura ya kwanza, majirani walishaamua mtoto aitwe Zakaria kama baba yake, mama anasema hapana ataitwa Yohana, wakamjia juu kwamba kwenye ukoo wenu hamna mtu wa jina hilo, mpaka baba akaomba kibao akaandika mwenyewe. Jirani yangu mama Zuhura akanichomekea na ya kwao, Surat Maryam, Yahya aliahidiwa kwa Zakaria kwa jina ambalo hakuna aliyepewa kabla yake. Yahya huyo ndo Yohana yule yule Mbatizaji. Yaani Yohana kwenu leo ndo jina la ukoo la kizee, na siku alipopewa mwenyewe lilikuwa geni watu wakanuna!

Mi ushauri wangu, muiteni Jaxon. Ila x iwe moja, huo ujinga wa Jaxxon alioutaja mumeo ukatae kabisa, na msichanganye leo Jaxon kliniki kesho Jackson kanisani, mana Kiswahili hakina x, karani atasikia Jaksoni ataandika anachojua yeye. Binamu yangu cheti cha kuzaliwa kinasema Lydia, cha darasa la saba Lidia, alivyofika kwenye ajira akaanza kuhangaika na wakili na hati ya kiapo kuthibitisha kwamba yeye ni yeye, hela zimemtoka kwa ajili ya y moja. Kwa hiyo andikeni kwa herufi kubwa, mkague fomu kabla hamjasaini, mkague na cheti kikitoka. Bibi ataita Jakisoni, atake asitake, na majirani watakata watabakiza Jeki, ambapo mtakuwa mmerudi Uingereza ya zamani bila nauli.

Nimekufungia vitenge viwili na mafuta ya mtoto, nampa dereva wa basi la Alhamisi, nenda na kitambulisho mana siku hizi hawatoi mzigo hivi hivi. Msalimie sana mama mkwe, na mwambie mumeo amalizie jambo la jina wiki hii, mana mi nataka kumshonea mtoto kofia yenye jina lake na fundi anatoza kwa herufi.

Wako,
Mama Doreen