Glenda Jackson asikumbukwe kwa ubunge tu

Mhariri,

Naomba nafasi katika ukurasa wako wa barua niseme machache kuhusu Glenda Jackson, mwigizaji wa Uingereza aliyefariki dunia Juni 15, 2023, akiwa na umri wa miaka 87. Kila jina lake linapotajwa, watu hukimbilia habari ya mshindi wa Oscar aliyeingia bungeni, kana kwamba uigizaji ulikuwa kwake ngazi ya kupandia tu. Mimi nashikilia kwamba kilicho kikubwa zaidi ni vile alivyourudia uigizaji uzeeni.

Binti huyu wa mwashi, mzaliwa wa Birkenhead, alifanya kazi katika duka la dawa kabla ya kwenda kusomea uigizaji katika chuo cha RADA, London. Oscar zake mbili, za filamu za Women in Love na A Touch of Class, zimeandikwa sana. Haijasemwa vya kutosha habari ya Elizabeth R, tamthilia ya BBC ya mwaka 1971 yenye sehemu sita, ambamo alimwigiza Malkia Elizabeth wa Kwanza tangu usichana hadi anapokufa akiwa na miaka 69, ilhali yeye mwenyewe alikuwa hajatimiza hata miaka 35. Alikubali kunyolewa nywele za mbele ili paji lake la uso lifanane na la malkia, lakini uzee ule, kwa maoni yangu, haukutokana na kinyozi wala poda. Ulikuwa katika sauti na shingo.

Mwaka 1992 aliacha yote hayo akawa mbunge wa chama cha Labour, na kwa miaka 23 hakuigiza. Alipostaafu siasa mwaka 2015 angeweza kupumzika, na hakuna ambaye angemlaumu. Badala yake, mwaka uliofuata, akiwa na miaka 80, alipanda jukwaa la Old Vic kuigiza King Lear, nafasi ya mwanamume na mojawapo ya nzito kuliko zote katika tamthilia za Kiingereza. Kisha ikaja Elizabeth Is Missing, filamu ya televisheni ya mwaka 2019, ambamo yeye ni Maud, bibi mwenye maradhi ya kusahau anayemtafuta rafiki yake huku kumbukumbu zikimponyoka. Kazi hiyo ilimpatia tuzo ya BAFTA, na aliistahili kabisa.

Ombi langu kwa wasimamizi wa vituo vya televisheni ni kwamba Elizabeth R na Elizabeth Is Missing zionyeshwe katika wiki moja. Watazamaji wataona kwanza mwanamke wa miaka 34 akiubuni uzee, kisha mwanamke yuleyule wa miaka 83 akiwa ndani yake, nao waamue wenyewe kama ubunge ndio uliokuwa kilele cha maisha yake.

Wasalaam,
Msomaji wako wa siku nyingi